Stelingi ni Nani?

Mwanafunzi msomaji, nina ugomvi nawe. Kwa kuwa mimi ni mwalimu, naona ni heri niueleze ugomvi huo waziwazi kuliko kuununia moyoni.

Sokoni Awasi, kando ya barabara kuu itokayo Kisumu kupitia Ahero na kupanda hadi Kericho, kilikuwapo kibanda cha mabati ambamo watoto na vijana walilipa shilingi chache ili waone sinema. Nimeketi humo mara nyingi, kwanza nikiwa mwanafunzi kama wewe, kisha nikiwa mwalimu aliyekuja kuwatafuta wanafunzi wake. Nje yalipita matrekta ya miwa; ndani palikuwa na giza, jasho na mabenchi yasiyo na migongo. Kila mara, kabla picha haijatimiza dakika 5, sauti ilitoka gizani ikiuliza: "Stelingi ni nani?" Alipokwisha kuonyeshwa, shauri lilikuwa limekatwa. Macho yote yalimfuata yeye, na waliobaki wakawa kama miti ya kando ya njia. Tulijua kwamba stelingi hafi. Wengine wakifa, ni ada yao. Hadithi ilipofika ukomo, na majina ya waliofanya kazi yakaanza kupanda kiooni, mwenye kibanda alizima mashine, nasi tukatoka juani.

Siku hizi picha zimo katika simu yako, wala huhitaji kibanda. Lakini nimekuona: kidole chako hufanya kazi ile ile ya mwenye kibanda. Majina yakianza kupanda, unazima.

Basi ugomvi wangu ni huu. Nasema kwamba "Stelingi ni nani?" ni swali baya. Limewadhulumu watu wetu wengi wenye ustadi, nalo linakufundisha kudharau kazi ambayo huenda siku moja ikawa riziki na heshima yako.

Fikiri kwanza sinema ni kitu gani. Tuseme mzee mmoja anasimama mlangoni mbele ya kamera na kusema, "Karibu, mwanangu. Keti." Maneno ni matatu tu. Ili maneno hayo yakufikie, mtu mwingine ameyaandika na kuyafuta na kuyaandika tena. Fundi wa taa amepima mwanga ili uso wa mzee usiwe kivuli kitupu. Mwenye kunasa sauti amekwenda barabarani kuwasihi madereva wa matrekta wangoje kidogo. Mshonaji ameikwaruza kanzu mpya ili ionekane imevaliwa miaka 20. Mwenye daftari la mfuatano ameandika kwamba jana kifungo cha pili cha kanzu kilikuwa wazi, maana leo kikionekana kimefungwa, wewe mwenye macho makali utacheka. Mpishi ameamka saa kumi alfajiri ili watu wote hao wanywe chai. Baada ya haya yote mhariri atakaa chumbani siku nyingi akikata na kuunga, mpaka maneno matatu yaingie mahali pake. Wahenga walisema kweli: jifya moja haliinjiki chungu. Nawe ukila ugali wa sinema, unamshukuru mtu mmoja tu aliyeubeba mezani.

Sikuombi uniamini bila ushahidi. Nitakuletea watu wanne, na wote hawakutoka mbali na hapa tulipo.

Ukitoka Awasi ukaelekea mashariki, nchi huanza kupanda, na muda si mrefu umeingia katika milima ya Wakipsigis. Mwaka 1950 ilitolewa sinema ya Kimarekani iitwayo King Solomon's Mines, iliyotokana na kitabu cha Rider Haggard ambacho wazee wetu walikisoma shuleni kwa jina la Mashimo ya Mfalme Sulemani. Sehemu zake kubwa zilipigwa katika nchi zetu za Afrika ya Mashariki na Kongo. Stelingi wake walikuwa Stewart Granger na Deborah Kerr. Lakini katika msafara wao alikuwapo mtu aitwaye Khiva, na aliyemwigiza Khiva alikuwa Mwafrika wa milima hiyo. Katika orodha ya majina hakuandikwa kama wenzake. Granger alikuwa na majina mawili, Kerr alikuwa na majina mawili; yeye aliandikwa Kimursi, na mahali pa jina la pili pakatajwa kabila lake la Kipsigis. Jina la baba yake halikuonekana kuwa na faida.

Yafaa ujue jambo la pili kuhusu sinema hiyo. Ilipata tuzo mbili za Oscar, na wala Granger wala Kerr hakupata hata moja. Moja ilikwenda kwa mpiga picha, Robert Surtees, na nyingine kwa wahariri. Hao ndio watu ambao mwenye kibanda huwazima! Waamuzi wa Marekani waliona kwamba nguvu ya sinema ile ilikuwa katika mikono isiyoonekana. Sisi mpaka leo hatujaona.

Shahidi wangu wa pili ni Joseph Olita, mtu wa Siaya, magharibi ya Kisumu. Idi Amin aliitawala Uganda tangu 1971 hata alipopinduliwa mwaka 1979. Mwaka 1981 ilitolewa sinema Rise and Fall of Idi Amin, chini ya uongozi wa Sharad Patel, nayo ilipigwa hapa Kenya. Olita ndiye aliyekuwa Amin. Alikuwa na umbo la kufaa, lakini umbo si kazi. Magunia ya sukari nayo yana umbo. Kazi ilikuwa kumwonyesha mtu ambaye dakika hii anacheka na wageni wake, na dakika ifuatayo wageni wale wale wanatetemeka, na kicheko hakijabadilika.

Miaka 10 baadaye, mwaka 1991, Mira Nair alitoa sinema yake Mississippi Masala, inayosimulia habari za jamaa ya Wahindi waliofukuzwa Uganda mwaka 1972. Amin alihitajiwa tena, safari hii kwa nafasi ndogo tu, kwa kuwa hadithi ilikuwa ya watu wengine. Olita akaja. Tazama jambo hilo vizuri. Mtu aliyekuwa nguzo ya kati ya sinema nzima alikubali kuwa boriti moja katika nyumba ya mwingine. Hakuuliza stelingi ni nani. Aliuliza, nadhani, swali ambalo fundi yeyote huuliza: pana kazi ya kufanywa, nami ninaiweza?

Mwaka 2006 Mmarekani Forest Whitaker alimwigiza Amin katika The Last King of Scotland, na mwaka 2007 akapewa Oscar. Sisemi kwamba hakustahili, alistahili. Ninachosema ni kwamba niliwauliza wanafunzi wa darasa langu ni nani aliyemwigiza Amin, na mikono iliyoinuka ilimtaja Whitaker wa Marekani. Hakuna hata mmoja aliyemtaja mzee wa Siaya, aliyefariki kwao mwaka 2014. Tumekumbuka kinyago, tukamsahau mtu wetu aliyekivaa kabla ya Whitaker.

Shahidi wa tatu ndiye aliyenifanya niandike insha hii. Aliitwa Sidede Onyulo, jina ambalo kila mtu wa Ziwa atalitambua. Mwaka 2001 Mjerumani Caroline Link alitoa sinema Nirgendwo in Afrika, kutokana na kitabu cha Stefanie Zweig. Ni hadithi ya Wayahudi watatu, baba, mama na binti yao mdogo, waliokimbia Ujerumani ya Hitler mwaka 1938 wakaja kuishi shambani Kenya. Sinema hiyo ilipata Oscar ya sinema bora ya lugha ya kigeni mwaka 2003. Onyulo aliigiza mpishi wao, Owuor, Mjaluo.

Naliwaonyesha wanafunzi wangu picha hiyo. Baada ya dakika chache likaja swali lile lile gizani, na jibu likatolewa: stelingi ni yule mama Mzungu. Nikanyamaza. Tukamwona Owuor akimuuguza bwana mwenye malaria. Tukamwona akiwa rafiki wa mtoto. Kisha bibi akamwamuru achimbe kisima, naye Owuor akamweleza kwa utulivu kwamba yeye ni mpishi, na mpishi hachimbi kisima. Darasa zima likacheka, kwa maana kila mmoja alimtambua mjomba wake. Onyulo hakusema neno hilo kwa hasira wala kwa unyonge. Alilisema kama mtu anayejua kazi yake inaanzia wapi na kuishia wapi, na kwamba bwana kulipa mshahara si kununua heshima ya mtu. Mwandishi aliandika mtumishi; Onyulo akatupa mwanamume kamili.

Hadithi ilipokwisha, mvulana mmoja aliinuka kuzima mashine. Nikamwambia, "Ngoja." Tukakaa tukisoma majina yakipanda. Mengi yalikuwa ya Kijerumani. Lakini miongoni mwake yalikuwamo ya Kikwetu, nao wakaanza kuyataja kwa sauti, mmoja baada ya mwingine, kana kwamba ni orodha ya mahudhurio. Msichana mmoja akauliza, "Mwalimu, huyu Onyulo ni wa wapi?" Nikasema moyoni: sasa swali zuri limepatikana.

Onyulo alionekana tena mwaka 2005 katika The Constant Gardener, sinema ya Fernando Meirelles iliyopigwa Kibera na kando ya Ziwa Turkana, penginepo. Aliaga dunia mwaka 2008. Na katika sinema hiyo hiyo alikuwamo shahidi wangu wa nne, ila yeye hakuwa mbele ya kamera. Alikuwa msichana miongoni mwa watumishi wa nyuma, wale ambao huitwa na kutumwa huku na huku tangu alfajiri. Jina lake ni Lupita Nyong'o, ambaye ukoo wake ni wa Kisumu.

Habari zake unazijua kwa kuanzia mwishoni: mwaka 2014 alipokea Oscar kwa kumwigiza mtumwa Patsey katika 12 Years a Slave. Zianze mwanzoni. Baada ya Meirelles alifanya kazi katika kundi la Mira Nair kwa sinema The Namesake ya 2006. Mwaka 2009 aliigiza katika michezo ya televisheni ya Shuga, na mwaka huo huo akaongoza mwenyewe sinema ya maisha halisi, In My Genes, juu ya taabu za watu wenye ualbino hapa Kenya. Kisha akaenda kusomea uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale. Hata baada ya Oscar, mwaka 2016, alikuwa mama mchuuzi wa kitongoji cha Kampala katika Queen of Katwe, sinema nyingine ya Mira Nair, yule yule aliyempa Olita nafasi ndogo mwaka 1991. Kumbe njia za kazi hii hukutana kama vijito vya uwanda wa Kano vinavyotafuta Ziwa.

Hapa nina ugomvi na walimu wenzangu pia. Wengi wamemtumia Lupita kuwa mfano, nao husema, "Mnaona? Alianza chini akafika juu." Maneno hayo yanapendeza masikioni, lakini yamebeba dharau ile ile. Kama kazi ya nyuma ya kamera ina thamani kwa sababu tu yumo mmoja aliyepanda akatoka humo, basi wenzake waliobaki wakishika taa na kunasa sauti ni watu walioshindwa maisha. Si kweli. Fundi wa taa aliyefanya kazi yake vizuri kwa miaka 30 hakubaki chini. Yuko mahali pake, na hapo yu mkubwa. Kazi za sinema ni mafiga. Hakuna figa linalopandishwa cheo likawa chungu.

Nayajua majibu yako, kwa kuwa nimeyasikia.

La kwanza utasema: kazi hizo hazilipi. Ni kweli kwamba wengi wamelipwa haba, na wengine wamezeeka bila akiba. Msikilizaji wa Kenya hawezi kumsahau Mzee Ojwang, yaani Benson Wanjau, Mkikuyu aliyetuchekesha miaka mingi katika Vitimbi kwa jina na lafudhi ya kwetu, tukamkubali kuwa ndugu. Mwishoni mwa maisha yake macho yalimfifia, na wananchi wakachangiwa fedha ili atibiwe. Alifariki mwaka 2015. Wananchi walifanya vyema. Lakini mchango si mshahara. Nakujibu hivi: ujira haba ni hoja ya kudai mikataba, malipo yanayorudi kila kazi inapoonyeshwa tena, na jina kuandikwa kwa ukamilifu. Si hoja ya kuidharau kazi. Mkulima wa miwa naye hucheleweshewa malipo yake, na hatusemi kwa sababu hiyo kwamba kulima ni upuzi. Tena dharau yetu yenyewe ndiyo inayoshusha ujira, kwa maana nani atalipa sana kitu ambacho hata wenye nacho hawakithamini?

La pili utasema: wageni hutupa upishi, uchukuzi na udikteta, basi kuna fahari gani? Hoja hii ni nzito, nami siipuuzi. Ni aibu kwamba kwa miaka mingi Mwafrika katika sinema za kigeni alikuwa mtu wa kubeba mizigo au wa kuogopwa. Lakini aibu hiyo ni ya waliokata kitambaa kuwa chembamba, si ya aliyelazimika kukivaa. Kimursi, Olita na Onyulo walipewa vyumba vidogo, na kila mmoja akaingia chumbani mwake. Dawa ni kujenga nyumba zetu wenyewe. Zimeanza kujengwa: Sao Gamba alitoa Kolormask mwaka 1986, Anne Mungai akatoa Saikati mwaka 1992, na David Tosh Gitonga akatoa Nairobi Half Life mwaka 2012. Lakini nyumba haijengwi na taifa ambalo kila kijana wake anataka kuwa paa.

La tatu hulisema wazazi: mtoto wangu hakupelekwa shule akawe mchekeshaji. Ewe mzazi, mtoto wako atajifunza humo kufika kwa wakati, kukumbuka, kunyamaza wenzake wanaposema, kupima mbao, kuhesabu fedha, na kuandika sentensi ambayo mtu mwingine anaweza kuitamka. Ukipata somo lifundishalo hayo yote kwa pamoja, niletee.

Sasa nikiri kosa langu, ili usidhani nazungumza nikiwa juu ya mti. Nilipokuwa chuo cha ualimu tulitayarisha mchezo, nami nikapewa sehemu ya bawabu mwenye sentensi tatu. Nilijiona mtu wa maana, nikakataa. Mwenzangu mpole akaipokea. Usiku wa mchezo umeme ukakatika katikati ya onyesho, na wakubwa wa mchezo wakasimama kama nguzo, hawajui la kufanya. Bawabu akatoka pembeni na taa ya mkono, akinung'unika kwa sauti ya kibawabu kwamba bwana hakulipa bili. Ukumbi ukaangua kicheko, mchezo ukaokoka. Mimi nilikuwa nimeketi miongoni mwa watazamaji, stelingi wa kiti changu mwenyewe.

Kila mwaka shule zetu hushindana katika Tamasha la Kitaifa la Drama na Filamu. Mwaka huu nawe huenda ukaambiwa ushike taa, au ushone pazia, au uwe bawabu. Usikasirike. Uliza maswali yafaayo: bawabu huyu ametoka wapi, analala wapi, anamwogopa nani? Ukiwa mkubwa wa kundi, andika majina ya wote, majina kamili, pamoja na la mpishi. Na sinema ikiisha, ondoa kidole chako. Kaa, usome majina yakipanda. Ukiona jina la watu wa kwenu, litaje kwa sauti.

Kisha muulize mwenzako aliye karibu nawe: "Huyu ni wa wapi, na alifanya kazi gani?"